Siku Niliyoagwa Makere Nikiwa Mzima

Habari hii huwa siisimulii mbele ya watu wa filamu, maana wenzangu wakikaa kuelezana filamu zao za kwanza utasikia huyu alizimikiwa na jenereta, yule mvua ilimnyeshea kamera, na mimi nikianza ya kwangu wananitazama kama mtu anayetafuta kupimwa akili, lakini nyinyi ni watu wangu, na wengine mlishaisikia nusunusu pale Kasulu sokoni (tena imetiwa chumvi, eti nilikimbia uchi, sikukimbia uchi, nilikuwa na sanda), kwa hiyo acheni niiseme mwenyewe. Nilijiaibisha, na niliaibisha watu wasio na kosa.

Kwanza mjue nilikotoka. Mimi Yusta ni mtoto wa kijiji cha Nyakitonto. Mama alifariki kabla sijajua kumkumbuka, baba akaondoka kwenda kutafuta maisha na hayo maisha hakuyaleta nyumbani, nikalelewa na dada yake baba, ambaye sisi Waha tunamwita masenge, na mimi sijawahi kumwita jina lingine, kwangu ni Masenge tu. Masenge hajui kusoma. Lakini kuandika nimefundishwa na yeye, wala sitanii. Nilipokuwa darasa la tano nilikuwa naandika vihadithi kwenye kurasa za nyuma za daftari la hesabu, na jioni yeye akichambua maharage ananiambia, "Haya, soma." Nasoma. Nikifika mahali mtu anaongea ananikatiza, "Hapana. Mwanamke aliyekasirika hawezi kusema maneno mengi hivyo. Mpunguzie." Nampunguzia. Nasoma tena, ananyamaza, anatupa jiwe moja alilolitoa kwenye maharage, basi najua hapo nimepatia.

Nilipomaliza kidato cha nne Kasulu nikajiunga na kikundi cha maigizo huko Kibondo, tukawa tunazunguka vijijini na kwenye kambi za wakimbizi kuigiza habari za vyoo, za chanjo, za majirani wanaogombania maji. Mimi niliandika, na mwenzangu mmoja anaitwa Bukuru, mtu mzima mwenye sauti kama ya mnadani, ndiye aliyekuwa akiigiza baba mkorofi kila mara. Huko ndiko nilikojifunza kwamba watu hawadanganyiki. Wakongo wa kambini walikuwa wakiona mahali tumebuni vibaya wanasema palepale, wewe uko jukwaani, "Ile ni ya uongo, mama, rudieni," na tunarudia kweli.

Halafu nikaenda Dar es Salaam. Miaka tisa niliandika skripti za watu. Wake waliosalitiwa, nyumba za urithi, wachungaji wenye siri, mimi ndiye niliyewatungia maneno, na filamu zikitoka unaona jina la nyota, jina la dairekta, jina la aliyepika chakula, la kwangu halipo. Nikiuliza naambiwa, "Dada Yusta, ijayo tunakuweka." Sasa kumbe Masenge kule nyumbani alishawatangazia Nyakitonto nzima kwamba mtoto wake anatunga filamu, na siku moja majirani wakaenda naye kwenye kibanda cha video, akakaa mbele kabisa, filamu ikaisha, akamwomba mtu amsomee majina yote, yakasomwa mpaka la mwisho, langu halikuwemo. Watu wakacheka. Yeye hakuniambia, niliambiwa na mtu mwingine, na siku hiyo nikaapa kwamba sitakanyaga Nyakitonto mpaka nije na filamu ambayo jina langu linatangulia yote. Niliona ni kiapo cha heshima. Kilikuwa kiburi, lakini kiburi hakikuambii jina lake.

Ndiyo hivyo nikaamua kuongoza filamu mwenyewe. Niliandika kisa cha ndugu wawili wa kike wanaogombania shamba la baba yao, mkubwa anakufa kabla hawajapatana, na nikasema nitakipigia nyumbani, kwenye milima yetu na migomba yetu. Nikachagua Makere. Nilikuja na mpiga kamera wangu Idrisa, mtu wa Tanga mwenye maneno machache, nikamwita Bukuru kutoka Kibondo awe msaidizi wangu, tukapanga nyumba, tukaanza kazi. Wiki mbili tulikuwa Makere. Kutoka Makere kwenda Nyakitonto ni safari ya bodaboda, unakwenda na kurudi siku hiyohiyo na bado unapata muda wa kula. Sikwenda. Nilimpigia Masenge simu mara moja, akaniuliza habari za Dar, na mimi (sikieni ubaya wangu) nikamjibu, "Dar joto, Masenge."

Sasa siku yenyewe. Tulikuwa na tukio la kuaga mwili wa yule dada mkubwa. Turubai limefungwa, mabenchi tumeazima, fundi seremala wa pale ametupa jeneza zuri la mninga alilokuwa ameliweka dukani kwake kama sampuli, kwa sharti kwamba lirudi bila mkwaruzo, na wanakijiji wa kujazia kama arobaini wamekuja na kanga na vitenge vyao. Mwigizaji wangu mkuu akalitazama jeneza, akazunguka upande wa pili, akalitazama tena, akasema, "Dada, mimi nitakufa kitandani kama tulivyopiga juzi. Humo siingii."

Nikambembeleza. Akasema mama yake amemkataza kwenye simu. Nikawageukia akina mama wa kujazia, nikauliza nani atanisaidia kulala humo dakika chache tu, wakanitazama kama nimewatukana, mmoja akaondoka kabisa. Jua linapanda, watu wamekaa, Idrisa ameshaweka kamera. Hapo ndipo nilipofanya ule uamuzi mdogo. Nikasema, "Acheni. Nitalala mwenyewe."

Mpango ulikuwa hivi: nifunikwe kitambaa cha lesi usoni ili isijulikane kwamba si yule mwigizaji, kamera iwaangalie waombolezaji, Bukuru asimamie watu. Nikikohoa mara moja, waanze, nikikohoa mara mbili, wasimame. (Naongoza filamu kwa kikohozi, tena nimelala chali, na nilijiona mbunifu.) Wakanivika gauni jeupe la kwaya, wakanifunga sanda kuanzia kiunoni hadi miguuni, wakanipaka poda, wakanitia pamba puani. Jeneza lilikuwa jembamba mabegani, ikabidi Bukuru anisukume kidogo ndipo nikaingia, na nilipoingia nikajua kutoka haitakuwa kazi ya mtu mmoja. Simu zote tukazizima, zikawekwa kwenye begi lake.

Bukuru naye akawafundisha watu kazi kwa bidii zake zote. Nilimsikia akisema, "Ukishaingia kwenye mstari huu wewe ni mfiwa. Mtu akikuuliza jambo lolote, usimjibu kama mwigizaji. Lia."

Tukapiga mara ya kwanza, mtu akacheka. Mara ya pili, vumbi likanipalia, nikakohoa mara nne, wakaanza wakasimama wakaanza tena. Katikati ya kupumzika walikuwa wakinitoa ile lesi usoni nipate hewa, na mimi nafumba macho kwa sababu ya jua na nzi, na nikasinzia kidogo, nisiwafiche, kwa sababu sikuwa nimelala vizuri kwa wiki mbili.

Wakati huohuo anapita Medadi. Medadi ni dereva wa bodaboda wa Nyakitonto, tulisoma naye shule ya msingi dawati moja. Ameshusha abiria Makere, ameona msiba, na kama mtu aliyelelewa vizuri amesimamisha pikipiki, akavua kofia, akaingia kwenye mstari kutoa heshima zake. Kamera kwake ni ya video tu, siku hizi misiba mingi inapigwa video. Anafika kwenye jeneza, lesi haipo, ananiona mimi. Haya yote alinisimulia baadaye. Anasema alimgeukia mama aliye nyuma yake, akamuuliza kwa sauti ndogo, "Huyu si Yusta?"

Yule mama akalia.

"Alikuja lini kutoka Dar?"

"Wiki mbili zimepita," akasema yule mama huku analia (maana hilo lilikuwa kweli na alilijua), kisha akazidisha kilio kama alivyoelekezwa. Medadi akapanda pikipiki yake akaenda Nyakitonto, na hakwenda kuvumisha, alikwenda kumwambia mwenye mtoto, kama ambavyo mimi ningetaka afanye. Masenge akanipigia simu. Imezimwa. Akapiga tena. Imezimwa.

Sisi kule tunaendelea na kazi. Mara ya tano, mara ya sita. Tulikula mchana, yaani walikula, mimi nililishwa uji kwa kijiko humohumo ndani kwa sababu kunitoa na kunirudisha kungekula muda. Kama saa tisa hivi nikasikia gari linasimama barabarani, na watu wanashuka, na kilio. Nikiwa nimefumba macho chini ya lesi nikafurahi. Nikajiambia, ona Bukuru huyu, ameniongezea watu bila kuniambia, na hawa wanajua kulia.

Bukuru naye akadhani ni mimi niliyewaita. Nikamsikia, "Karibuni akina mama, shikeni mstari, mikungu ya ndizi wekeni pale, msiangalie kamera tafadhali." Na wakashika mstari. Fikirini. Watu wa Nyakitonto waliokodi gari dogo la mizigo wakaja na ndizi na maharage ya msibani, wanapangwa mstari na mtu asiyewajua, na wanakubali kwa sababu mfiwa hagombani.

Nikakohoa mara moja. Idrisa akaanza kupiga.

Kilio kikaja polepole kuelekea kichwani pangu, kisha kikakoma. Mtu akasimama pale. Akaondoa ile lesi, na nikataka kukasirika kwa kuwa haikuwa kwenye skripti, na hapo nikasikia harufu ya moshi wa kuni na mafuta ya mawese kwenye kitenge, harufu ninayoijua tangu sijaota meno.

"Yusta," akasema kwa Kiha, kwa sauti ileile ya kunikatiza nilipokuwa nasoma. "Wiki mbili. Ulikuwa Makere wiki mbili."

Sikufungua macho. Mtaniuliza kwa nini. Siwezi kuwaambia zaidi ya kwamba niliogopa. Nilikuwa na miaka thelathini na sita na niliogopa kama mtoto aliyevunja mtungi.

"Ulikuwa unaumwa ukanificha," akasema. "Ulirudi nyumbani kufa, ukaona nitashindwa kukuuguza. Ningekuuguza. Wewe mdogo nilikuuguza surua, nimeshindwa lini?"

Kisha akaanza kunung'unika kuhusu pamba, nani ameiweka vibaya hivi, akaitengeneza, akalowesha pindo la kitenge chake kwa mate akanifuta ile poda shavuni, taratibu, kama alivyokuwa ananifuta makamasi nikienda kanisani. Na mimi maiti machozi yakanitoka. Nikalisikia la kwanza linateremka kwenda sikioni, na mkono wake ukasimama.

Nikafungua macho. Uso wake ulikuwa juu yangu karibu kabisa. Ningeweza kusema maneno mengi, mimi mtunzi wa maneno, nimeandikia watu maneno ya kuomba radhi kwenye filamu ishirini. Nilichosema ni, "Shikamoo, Masenge."

Msiulize kilichofuata, lakini nitawaambia. Mama aliyekuwa nyuma yake aliona, akapiga yowe moja, watu wa Nyakitonto wakakimbia, watu wa Makere ambao walijua fika kwamba ni filamu wakakimbia pia kwa sababu wenzao wanakimbia, turubai likaanguka upande mmoja, Bukuru anaita "Kata, kata" na hakuna anayejua kata ni nini, mimi najitahidi kuinuka mabega yamebana, nikajitingisha kwa nguvu, benchi likalala, jeneza la mninga la sampuli likaanguka, ubao wa chini ukafunguka na mimi nikatoka kwa huko chini. Nikasimama. Miguu imefungwa sanda. Nikaanza kuruka kama chura kuwafuata watu nikisema ni filamu, ni filamu, jamani ni mimi mzima, na kadiri nilivyowasogelea ndivyo walivyozidi kasi, mzee mmoja akapita katikati ya uzio wa michongoma ambao hata mbuzi hapiti.

Aliyebaki ni Masenge peke yake. Alikuwa amekaa chini, miguu ameinyoosha, mikono mapajani, ananitazama nikirukaruka. Nikarudi kwake vilevile kwa kuruka. Akanyanyuka, akanitazama kutoka juu hadi chini, akanizaba kofi moja lenye uzito wa miaka yote niliyokuwa Dar. Halafu akaniuliza, "Umekula?"

Mwenyekiti wa kijiji alikuja kabla vumbi halijatulia. Alikuwa na barua yangu ya kibali mfukoni, na hilo ndilo lililomuudhi, kwamba aliniruhusu. Watu wakakusanywa, aliyeteguka mguu katika kukimbia akakandwa, na mimi nikasimamishwa mbele na ile sanda yangu nikaomba radhi kwa Makere, nikaomba radhi kwa Nyakitonto, kwa Kiswahili na kwa Kiha. Nilisema niliogopa kwenda nyumbani bila jina. Mzee mmoja wa Nyakitonto akasimama, nikajua sasa nahukumiwa. Akasema, "Sisi tulikuja kuzika. Hakuna wa kuzikwa. Ndizi zimeshafika. Zipikwe."

Zikapikwa, pamoja na maharage. Waliokuja kunililia na waliokuja kuigiza kunililia wakala sufuria moja, na hadi jua linashuka walikuwa wanaonyeshana jinsi kila mmoja alivyokimbia. Fundi seremala alikagua jeneza lake, kisha akasema atalitengeneza mwenyewe, ila jina lake liandikwe mwishoni mwa filamu kwamba kazi ya jeneza ni yake. Limeandikwa. Ndiyo watu wa kwetu hao. Sijui ningewalipa nini.

Asubuhi yake nilikwenda Nyakitonto, na Idrisa akaja na kompyuta yake ya kuhariria. Jikoni kwa Masenge akanivuta pembeni akasema, "Yusta, kamera haikuzimwa. Ninayo yote, tangu shangazi yako anaanza kulisogelea jeneza. Miaka yangu yote sijawahi kupiga kitu kama kile." Akanionyesha. Nikatazama, na nawaambia ukweli, kwa dakika nzima sikuwa mtoto wa mtu, nilikuwa dairekta. Nikaona mahali pa kukata. Nikaona jinsi ule mkono na kitenge vitakavyojaa kwenye skrini kubwa. Nilijua kwamba filamu yangu ingesimama juu ya picha ile.

Nikampelekea Masenge. Nikamwekea, akatazama mwanzo hadi mwisho huku anachambua maharage bila kuyatazama. Nikamuuliza kama naweza kuitumia.

"Hawa wengine watumie," akasema. "Wamelia vizuri. Lakini mimi nitoe."

"Kwa nini, Masenge? Ndiyo nzuri kuliko zote."

"Sikuwa nalilia watu. Nilikuwa nakulilia wewe."

Idrisa aliinamisha kichwa. Nikaifuta mbele ya Masenge, nikaifuta na kwenye nakala ya akiba, naye akaniambia nimsomee lile tukio kama lilivyoandikwa, nikasoma, akanikatiza mara tatu, nikaandika upya palepale kwenye kigoda. Tulilipiga tena siku mbili baadaye, jeneza limefunikwa na ndani yake tumetia magunia ya mahindi.

Filamu ilikwisha, tukaionyesha Kibondo kwenye ukumbi, mchana, mapazia yamefungwa. Watu walijaa, wakapiga makofi, na mwishoni mwalimu mmoja aliyehamishiwa huko kutoka Iringa akasimama akasema filamu ni nzuri ila pale kwenye kuaga mwili pamepoa, hapamshiki mtu moyo. Bukuru alitaka kumjibu, nikamshika shati. Nikamwambia mwalimu asante, ni kweli, pamepoa. Pembeni yangu Masenge alikuwa anakula karanga.

Tangu siku ile nina sheria mbili. Nikifika popote kufanya kazi, kamera haifunguliwi mpaka nimekwenda kuwaamkia watu wangu walio karibu, hata kama nimekuja mikono mitupu na jina halijulikani. Na mwigizaji akiniambia humo siingii, nafunga kazi tunakwenda kunywa chai. Aibu ile sijaimaliza, nikipita Makere bado kuna watu wanauliza kama nimefufuka vizuri, nami nawaitikia. Lakini wengi wanaoambiwa maneno kama yale ya Masenge pale jenezani wanakuwa wameshakufa, hawasikii. Mimi niliyasikia yote, na kofi nikalipata, na chakula nikapewa.